Bi Kengele na Sauti ya Nguzoni

Watu walimwita Bi Kengele, na wengi waliozaliwa miaka ya karibuni hawakujua kama aliwahi kuwa na jina jingine. Kwa miaka thelathini na mmoja kazi yake ilikuwa moja tu: kuutangazia mji wake yaliyotokea na yatakayotokea. Alikuwa na kengele ya shaba yenye mpini wa mti uliolainika kwa jasho la viganja, na koo ambalo mumewe, fundi viatu, alisema Mungu alilikusudia ng'ombe, likapotea njia.

Alisimama mahali patatu: pembeni mwa mashine ya kusaga nafaka, mbele ya soko, na juu ya ngazi za mawe zinazoteremka kwenda mtaa wa bondeni. Alipiga kengele mara tatu, akanyamaza, akangoja. Watu wakatoka. Huyu na mwiko mkononi, yule na povu la sabuni kidevuni, mwingine amebeba mtoto nusu amevalishwa. Akishasema lake, hakukosekana wa kuuliza, "Umeona mwenyewe?" Naye akajibu, "Nimeona mwenyewe." Hapo ndipo habari ilipohesabiwa kuwa habari.

Hilo halikuwa pambo. Kazi aliirithi kwa shangazi yake, na shangazi alimwachia sharti moja: usitangaze usichokiona. Kwa hiyo penye msiba alikwenda kwanza nyumbani kwa wafiwa, akaingia chumbani, akafunuliwa uso wa marehemu, ndipo akatoka na kengele. Mwaka mmoja diwani alimtaka atangaze kwamba dawa zimefika zahanati. "Nizione," alisema. Akaoneshwa maboksi kumi na mawili yamepangwa mpaka dirishani. "Fungua moja." Diwani akacheka, akatazama saa, akasema ana safari. Bi Kengele akalifungua mwenyewe kwa kisu cha kukatia ngozi alichokuwa amemchukulia mumewe kunoa. Ndani mlikuwa na magazeti makuukuu. Siku hiyo kengele haikulia, na kufika jioni mji wote ulikuwa unajua kwa nini haikulia.

Kisha Mradi ukaja.

Kampuni ilikuwa na jina refu la kigeni, lakini hakuna aliyejisumbua nalo. Ilitosha kusema Mradi. Walikuja kuchimba madini katika kilima kilicho juu ya mji, na katika miaka minne mji ukageuka. Barabara ikapata lami. Taa zikawaka. Vijana waliokuwa wakishinda kwenye vibaraza wakapata kofia ngumu na buti. Mitaa iliyoitwa kwa visima vyake na kwa watu wake wa zamani ikabandikwa vibao vya herufi, na mtaa wa bondeni ukawa Mtaa H. Watu walianza kula, kufunga maduka na hata kugombana kwa kufuata king'ora cha zamu. Salamu zenyewe zilifupishwa; mtu aliyekuwa akikuuliza habari za nyumbani, za watoto na za mgonjwa wako, sasa alikuinulia dole gumba akiwa anatembea. Wengi walifurahi, na Bi Kengele mwenyewe hakuwa mtu wa kununa. Taa alizipenda. Lami aliipenda zaidi, kwa sababu ya magoti yake.

Kitu kimoja hakukipenda. Juu kabisa, nyuma ya kilima, Mradi ulikuwa umejenga tuta kubwa la udongo na mawe, na nyuma ya tuta lile wakawa wanamwaga tope linalobaki baada ya kusafisha madini. Watu walipaita bwawa, ingawa hakuna ndege aliyetua humo. Ukisimama kwenye ngazi za mawe uliweza kuliona tuta, limenyooka kama ukingo wa meza, na kila mwaka meza ile ilipanda.

Baadaye zikaja nguzo. Ishirini na mbili, za chuma, moja katika kila kona, na juu ya kila nguzo vipaza sauti viwili vimetazama huku na huku. Asubuhi vilipiga muziki. Watu wakavizoea kwa wiki moja.

Binti yake, ambaye alikuwa karani katika ofisi ya Mradi, ndiye aliyeleta neno. Alikuja Jumapili, akavua viatu mlangoni, akakaa karibu na mama yake aliyekuwa akichambua maharage.

"Mama, wanataka sauti yako."

"Wanipe yao kwanza tuone kama nitaipenda," alisema fundi viatu kutoka kwenye kigoda chake.

"Baba, nasema kweli. Wanataka matangazo ya mji yapite kwenye vipaza, na wanataka iwe sauti ambayo watu wanaiamini. Wamefanya utafiti. Watu mia tatu wameulizwa, wote wamemtaja mama."

Bi Kengele alizidi kuchambua maharage. Alikuwa na miaka sitini na tatu. Ngazi za mawe zilikuwa zimeanza kumshinda, na mwaka ule hakuna msichana hata mmoja aliyekuja kuomba afundishwe kazi. Isitoshe, si uongo, alijisikia vizuri. Watu mia tatu.

"Na mimi nitakuwa wapi?" aliuliza.

"Nyumbani umepumzika, mama. Sauti itafanya kazi, wewe utakaa."

Alirekodiwa kwa siku tisa. Chumba hakikuwa na dirisha, na kuta zake zilifunikwa magodoro, hivi kwamba alipokohoa kikohozi kilikufa mdomoni. Aliyemrekodi alikuwa kijana mpole aliyetoka mbali, mwenye vifuniko vya masikio ambavyo havikumtoka hata wakati wa chakula. Mjini walikwisha kumpa jina la Masikio. Alimletea chai ya moto na asali, alimwita mama, na alimpa karatasi za kusoma.

Siku za kwanza zilikuwa namba, miezi, majina ya koo na herufi za mitaa. Halafu neno moja moja: leo, kesho, tafadhali, amefariki, mkutano, maji, fungeni, fungueni. Siku ya saba akapewa karatasi yenye mstari mmoja.

"Hakuna hatari," alisoma.

"Tena, mama. Kwa upole."

"Hakuna hatari."

"Tena. Kama unamwambia mtoto."

Aliisema mara arobaini. Alipofika hapo aliivua miwani yake.

"Mwanangu, hatari gani hiyo ambayo haipo?"

Masikio alicheka, si kwa dharau. "Hakuna chochote, mama. Ni maneno tu. Yanakaa akiba, kama vifungo kwenye kopo la mshonaji."

"Mimi sijawahi kusema nisichokiona."

"Lakini humwambii mtu yeyote. Uko na mimi tu hapa."

Jambo hilo lilionekana kuwa kweli. Chumba kilikuwa kitupu, magodoro yalikuwa yamemeza kila kitu. Akavaa miwani, akaisema mara ya arobaini na moja.

Mwezi uliofuata sauti ikaanza kazi, kompyuta ikiyaunga maneno yale kuwa matangazo, na mwanzoni ilikuwa kama sherehe. Fundi viatu aliacha sindano yake kwenye soli, akasikiliza mkewe akitangaza kutoka nguzoni huku mkewe huyohuyo amesimama mbele yake na ndoo.

"Basi mimi sasa nina wake wawili," alisema, "na mmoja anazimika kwa kitufe."

Walicheka hadi machozi. Hata rafiki mkubwa wa Bi Kengele, mshonaji wa mtaa wa bondeni ambaye walikua pamoja na kuazimana kila kitu isipokuwa waume, alipanda ngazi kuja kumwambia kwamba huko nguzoni anasikika msichana.

"Wamekutoa miaka ishirini, shoga. Waulize na mimi wanitoe, nitalipa kwa magauni."

Lakini siku moja alikuwa sokoni akichagua nyanya, sauti yake ikatangaza kifo cha mama wa kinyozi. Alisimama na nyanya mkononi. Hakuwa na habari. Hakuwa ameingia chumba chochote, hakuwa amefunuliwa uso wowote, na sauti ile, yenye umbo la kinywa chake mwenyewe, ilitaja saa ya maziko kwa uchangamfu uleule iliotumia kutangaza mechi. Muuza nyanya alimtazama yeye, akatazama nguzo.

"Pole kwa kazi," alimwambia.

Alikwenda kwa kinyozi mbio kadiri magoti yalivyomruhusu. Kinyozi alimpokea mlangoni kwa uso mkavu. "Ulikuwa unatutangaza kwa furaha, dada," alisema. "Ilikuwaje?"

"Sikuwa mimi."

"Nimekusikia."

Neno hilo, nimekusikia, akawa analikuta kila mahali. Sauti ilitangaza kwamba kisima cha zamani kitafukiwa, watu wakamjia juu. Sauti ilisema watu wa Mtaa G wamekubali kupisha barabara ya malori, na watu wa Mtaa G, ambao hawakuwa wamekubali lolote, wakaja kumuuliza ni nani aliyemwambia. Aliwaeleza kuhusu chumba cha magodoro. Walitikisa vichwa, wakaondoka wakinong'onezana. Mshonaji ndiye aliyeona lililokuwa likiwatatiza.

"Zamani ulikuwa ukisema, tunakuuliza," alisema, pini zikiwa katikati ya midomo. "Sasa unasema, na hakuna wa kuulizwa. Nguzo haina masikio."

Watu waliacha kutoka milangoni. Habari ikawafuata vitandani na vyooni, kila mmoja akaisikia peke yake, na hakuna aliyemtazama jirani usoni kuona ameipokeaje.

Mvua za mwaka ule zilikuja mapema na hazikukatika. Katika wiki ya tatu sauti ikaanza kusema neno jipya, saa kumi na mbili asubuhi, kabla ya muziki: "Tuta liko imara. Hakuna hatari." Mara ya kwanza Bi Kengele alikuwa akisukutua. Aliyatema maji chini, akasikiliza.

Ilikuwa ile ya arobaini na moja. Aliijua kwa mkwaruzo mdogo wa mwisho, pale koo lilipokuwa limechoka.

"Kama hakuna hatari," alimuuliza mumewe, "kwa nini wanatuambia kila siku?"

Fundi viatu hakuwa na mzaha siku hiyo.

Asubuhi ya pili yake alivaa buti kuukuu za mumewe, akajifunika nailoni kichwani, akapanda kilima. Ilimchukua saa mbili na nusu. Kwenye kizuizi, mlinzi alitoka kwenye kibanda akamtambua.

"Bi Kengele! Huku wapi na mvua hii?"

"Naja kuliona tuta."

"Uone nini? Si wewe mwenyewe unayetuambia liko imara?" Akacheka, lakini alitazama nyuma yake kwanza. Kisha akasema polepole, "Pita upande wa nyumba za wahandisi. Mimi sijakuona."

Nyumba za wahandisi zilikuwa kumi na moja, nyeupe, zenye bustani ndogo. Mapazia yalikuwa yameondolewa. Kwenye kamba ya nguo ya nyumba ya tatu palikuwa na soksi moja ya mtoto, imelowa, imesahauliwa. Magari matatu ya ofisi yaliyobaki yalikuwa yameegeshwa kwa kurudi nyuma, pua zote zimeelekea barabara ya kutokea.

Alifika chini ya tuta. Kwa mbali lilionekana kavu, lakini karibu, pale lilipoanzia, palikuwa na mstari wa majani mabichi yaliyostawi kuliko majani mengine yote kilimani, na katikati ya majani yale maji yalikuwa yakichuruzika. Aliinama akachota kwenye kiganja. Yalikuwa ya kijivu, mazito. Juu yake wanaume kama ishirini walikuwa wakipanga magunia ya mchanga bila kusemezana. Mmoja wao alikuwa mtoto wa mshonaji, dereva wa lori, mtu mzima mwenye ndevu ambaye yeye Bi Kengele alimtangaza siku alipozaliwa.

Dereva alimwona, akashuka.

"Mama mdogo, rudi nyumbani."

"Hili linavuja tangu lini?"

"Wiki mbili. Wamesema watalishughulikia mvua ikipungua." Alifuta uso kwa mkono wenye matope. "Tumeambiwa anayesema mjini, kazi hana. Mimi nina watoto wanne, mama mdogo."

"Na mama yako analala wapi?"

Dereva alirudi kwenye magunia.

Kutoka kilimani alikwenda moja kwa moja ofisini kwa binti yake, na buti zenye tope akakanyaga sakafu inayong'aa. Binti alikuwa peke yake. Meza nyingine zilikuwa wazi.

"Nani anaandika yale maneno ya asubuhi?" aliuliza.

"Yanakuja kutoka makao makuu, mama. Mimi napokea, naweka sahihi kwamba yamepokelewa."

"Yazime."

"Mama..."

"Nimeliona tuta kwa macho yangu. Linavuja. Wenzako wamekwenda wapi?"

Binti alitazama meza zile kama ndiyo kwanza anaziona. Tangu Jumatatu walikuwa likizo, alisema, mmoja baada ya mwingine. Kisha akanyanyuka, akaenda kwenye kabati la chuma lililokuwa ukutani, akalifungua kwa funguo zake. Akabonyeza, akavuta, akazungusha. Mwishowe akang'oa waya mmoja kwa mikono miwili. Nje, nguzoni, muziki uliendelea kama kawaida.

"Haizimwi hapa," alisema, na sauti yake ilikuwa ya mtoto. "Mama, haizimwi hapa. Hiki ni cha taa za ofisi tu."

Bi Kengele alikwenda nyumbani akachukua kengele. Ilikuwa saa nane mchana, mvua imesita kidogo. Aliipiga mara tatu mbele ya soko, akangoja. Watu wachache walitoka, kwa mazoea ya miguu kuliko ya akili.

"Nimetoka kwenye tuta!" alitangaza. "Linavuja chini! Wahandisi wameondoa watoto wao! Wa bondeni hameni leo, pandeni upande wa shule!"

Mtu mmoja, mzee muuza kamba, aliuliza kama zamani, "Umeona mwenyewe?"

"Nimeona mwenyewe!"

Kabla hajavuta pumzi, nguzo ya sokoni ilijibu. Labda mlinzi mwingine alipiga simu, labda kulikuwa na mtu mahali fulani aliyekuwa akitazama. Jambo hilo halikujulikana kamwe. "Ndugu wananchi," ilisema kwa sauti yake, safi, ya msichana, kutoka kona ishirini na mbili kwa pamoja. "Tuta liko imara. Msisikilize uvumi. Hakuna hatari."

Watu walisimama katikati ya sauti mbili za mtu mmoja. Kuna aliyecheka, kisha wengine wakacheka, kile kicheko cha watu wasiojua waweke wapi mikono. Bi Kengele akapaza. Nguzo ikarudia. Akapaza tena, na safari hii kitu kilikatika kooni mwake kama uzi, ikatoka hewa tupu. Nguzo ikarudia, haijachoka.

Aliteremka ngazi za mawe akaenda nyumba kwa nyumba, binti yake, aliyemfuata kutoka ofisini, akimsemea. Kwa mshonaji alikaa nusu saa. Alimshika mikono, akamwonesha kiganja chenye alama ya kijivu.

"Shoga, nakuamini," alisema mshonaji. "Lakini mwanangu yuko hukohuko juu na hajaniambia kitu. Nina magauni sita ya harusi ya Jumamosi, nikiyahamisha yatalowa. Nimalize hili moja, kesho asubuhi nakuja kwako." Akambusu shavuni. "Na wewe ukae kimya, koo lako limekufa."

Jioni hiyo, jua likiwa bado lipo nyuma ya mawingu, fundi viatu alikunja godoro lao, akamtwika mkewe, naye akabeba sanduku la vifaa vyake na sufuria mbili. Hawakusema lolote kwa mtu yeyote. Walipita katikati ya mji kwa mwendo wa wazee, binti nyuma na mto na taa, wakaelekea kilima cha shule. Watu walitoka milangoni wakawatazama. Muuza kamba aliingia ndani, akatoka na mkeka wake. Baadaye zikafuata familia mbili, kisha sita. Kufikia wakati wa kufunga milango, watu kama mia nne walikuwa madarasani juu ya kilima. Waliobaki bondeni walikuwa zaidi.

Tuta liliachia saa moja kasorobo asubuhi. Hapakuwa na mshindo mkubwa kama watu wanavyodhani. Palikuwa na mguno mrefu, halafu ule ukingo wa meza uliinama katikati. Tope lilikuja polepole kuliko maji na kwa nguvu kuliko maji, likiwa limebeba magunia, malori na miti iliyosimama wima. Mtaa H ulikwisha katika muda wa mtu kunywa kikombe cha chai. Walioko shuleni waliona kila kitu, na walichokuwa wakikisikia wakati wanaona kilikuwa sauti ya Bi Kengele. Nguzo zilikuwa na umeme wake. Moja moja zilizama au zikalala, lakini ile ya karibu na mashine ya kusaga ilibaki, na iliendelea kusema, kila baada ya robo saa, kwamba hakuna hatari, mpaka saa tano, fundi viatu alipotembea kwenye tope la kiunoni na nyundo yake, akapanda juu ya paa la mashine, akavipiga vile vipaza hadi vikanyamaza.

Mshonaji alipatikana siku ya tatu. Dereva, mwanawe, alikuwa hai; zamu yake ya pili ilikuwa imekwisha saa kumi na moja alfajiri, na badala ya kwenda nyumbani alikuwa amelala ndani ya lori upande wa pili wa kilima.

Waliobaki walipelekwa uwandani, kwenye nyumba za mabati zilizopangwa kwa mistari. Tume ikaja, watu watano wenye mafaili. Bi Kengele aliitwa siku ya pili. Walimpigia sauti kwenye kisanduku kidogo, maneno mawili tu, kisha mwenyekiti akamuuliza kama anaitambua.

Binti yake alimkanyaga mguu chini ya meza, ili aeleze kwanza habari ya chumba, ya siku tisa, ya Masikio. Koo lake halikuwa limerudi. Lilitoa mkwaruzo kama mlango unaoburuzwa sakafuni.

"Ni yangu," alisema.

"Ulisema maneno haya?"

"Niliyasema. Mara arobaini na moja."

Waliandika hivyo. Mengine aliyoyaeleza baadaye waliyaandika pia, lakini kilichotoka kwenye chumba kile na kuenea katika mistari ya mabati kilikuwa kile cha kwanza. Kuna wanawake waliogeuza ndoo zao walipomkuta kwenye bomba. Kuna mtu aliyeandika kwa mkaa kwenye ukuta wao usiku mmoja maneno mawili yaleyale, na fundi viatu akayafuta akidhani mkewe bado amelala, ingawa alikuwa macho. Binti alitoa ushahidi wake, na nakala za karatasi zote alizozitia sahihi, kisha akaacha kazi. Wakuu wa kampuni walikwisha kuondoka nchini. Tume ilisema itatoa taarifa.

Mwezi wa tano baada ya tuta kuachia, dereva alikuja. Alisimama kwenye mlango wa bati na viatu mkononi, soli zimeachia. Fundi viatu alivipokea, akamvutia kigoda, akaanza kushona. Bi Kengele alikuwa ndani, akatoka na kikombe cha maji. Dereva alikishika bila kunywa.

"Nilikuona kule chini ya tuta," alisema, akitazama kikombe. "Ningeweza kumpigia simu. Simu ilikuwa mfukoni."

Uzi uliingia kwenye soli ukatoka.

"Sema jina la mama," aliomba dereva.

Bi Kengele alilitaja. Lilitoka limepasuka, karibu bila sauti, na ilimbidi alitaje mara mbili ili mtu aliyekaa hatua moja mbele yake alisikie. Dereva alisikiliza akiwa ameinamisha kichwa, kama mtu anayepima kitu kwa sikio.

"Siyo sauti hii," alisema hatimaye.

Akanywa maji yote, akavaa viatu vyake vilivyokwisha kushonwa, akaaga wote wawili kwa mkono na kuondoka akifuata mstari wa mabati. Bi Kengele hakumuuliza alikuwa na maana gani. Alikaa kwenye kile kigoda kilichoachwa, mumewe akiokota vipande vya uzi miguuni pake, na kutoka ng'ambo ya uwanda, upande ambao kilima kilikuwa bado kizima, wakasikia malori ya machimbo yakianza kupanda tena.